Vipimo vya Mgeni

Kumb. Na. KTB/KP/2024/01
Katubuka, Kigoma
6 Aprili 2024

Mwalimu Winfrida,
Shule ya Msingi,
Kalya.

YAH: KUPATIKANA KWA MWIKO

Husika na kichwa cha habari hapo juu.

Kwa heshima na taadhima nautaarifu umma wa Kalya, umma wenyewe ukiwa ni wewe, kwamba mwiko mkubwa wa mninga uliosadikiwa kupotea tangu msiba wa baba yako umepatikana nyuma ya kabati langu, ukiwa na vumbi jingi na buibui mmoja. Buibui amehamishwa kituo. Mwiko unaendelea vizuri. Wananchi wanaombwa kuwa watulivu.

Nisamehe, mwanangu. Miaka ishirini na saba masijala, hata nikikohoa natafuta namba ya kumbukumbu.

Sasa habari zenyewe. Kamati ya kichenpati yako imeundwa Jumapili hapa barazani kwangu. Wajumbe tisa, maoni kumi na manne. Mwenyekiti ni jirani yetu Mama Eufrasia, kwa sababu ana sauti, na kwa sababu viti vya plastiki ni vyake. Katibu ni mimi, kwa sababu nina kalamu. Rangi ya sare imejadiliwa saa mbili na nusu. Mwenyekiti anataka zambarau, wengine dhahabu. Nikapendekeza kila mtu avae alichonacho, wakanitazama kama nimesema tukaoge na mamba.

Tangu siku hiyo sipo sawa. Naota viti. Juzi nilitia chumvi kwenye chai, nikainywa yote, nikagundua kwenye kikombe cha pili.

Jambo moja tu lilipita bila ubishi. Mama Eufrasia, huku akiangalia dari, alisema mgeni rasmi, yule atakayekaa kiti cha mbele na kukupa maneno ya mwisho kabla hujaenda kwa mume, lazima awe mwanamke wa ndoa. "Ndoa ya cheti," akaongeza, "siyo ya kuzoeana." Wajumbe wote ghafla wakawa na kitu cha kutafuta kwenye mikoba yao. Mimi katibu nikaliandika kwa mwandiko wangu bora kabisa, na nikalipigia mstari.

Kwa hiyo nimempendekeza Mwalimu Skolastika, aliyekufundisha kusoma. Ndoa yake ina miaka arobaini na cheti kimetundikwa sebuleni, juu ya televisheni. Kadi nimeshaziandika. Mahali pa jina la mgeni rasmi nimeacha nukta mpaka akubali.

Nakutumia majani ya chai kwa boti ya Jumatano.

Wako katika ujenzi wa taifa,
Shangazi Melania (Katibu)


Kalya
20 Aprili 2024

Shangazi, shikamoo.

Mnara wa simu bado umelala tangu radi ya Februari, na watoto wa darasa la nne wameanza kuniuliza kama simu yangu ni kioo. Majani ya chai yamefika. Buibui nimemwombea.

Shangazi, unaandika utani mwingi hivi ukiwa na homa au ukiwa umeumizwa. Homa ungesema, maana hukuwahi kunyamazia hata mafua.

Najua Mama Eufrasia alikuwa anamsema Anatoli. Miaka kumi na moja ya "mwakani tutabariki", halafu akaenda Mpulungu kutengeneza injini za boti, na mpaka leo injini hazijapona. Aibu hiyo ni mzigo wake yeye. Sijui kwa nini wewe umeendelea kumtunzia.

Baba alipomfuata mama nilikuwa na miaka saba. Nani alinichukua? Siku ile tunakwenda chuo Kasulu na gurudumu la mkokoteni likavunjika, nani alibeba sanduku langu kichwani hadi stendi, amevaa viatu vya ofisini? Leo nina watoto sabini na wawili darasani na kila asubuhi nawaambia waketi kwa sauti yako. Mchumba wangu Calixte anaisikia kutoka zahanati, anasema wagonjwa wake nao hukaa.

Mwalimu Skolastika nampenda. Lakini kiti kile ni chako. Usipokaa wewe, kibaki kitupu. Nitawaambia watu ni cha Yesu.

Mwiko ulikuwa nyuma ya kabati miaka ishirini na hukuuona? Wewe, unayejua kila faili lilipo?

Mwanao,
Winfrida


Kidahwe
27 Aprili 2024

Mukwe wangu Mama Melania,

Amahoro. Habari za hapo mujini? Sisi tuko wazima. Ukwe wetu ulianza kwa barua ya posa, basi tuendelee kwa barua. Simu ni ya kuulizia bei ya mihogo.

Kadi imefika. Mutoto wangu Armelle, yule fundi cherehani, ametusomea kwa sauti mara mbili. Tumefurahi kuona mugeni amewekwa juu kabisa, kwa herufi kubwa. Jina lake hamukuliandika, na hiyo ni heshima. Hata sisi nyumbani kwetu jina lake hatulitaji mpaka siku ya kumupokea.

Tunaomba jambo moja. Siku hiyo mugeni avae gauni lililotoka kwetu, lililoshonwa kwa mukono wa Armelle. Kitambaa tunacho, kitenge cha bluu na dhahabu. Tutumie vipimo vya mugeni, na kama ana kitu cha kuangaliwa mwilini, tuambie bila kuficha. Sisi si watu wa kusema watu.

Urakoze cane, asante sana.

Ni mimi Bukeyeneza,
mama wa Calixte


Mbeya
29 Aprili 2024

Melania,

Kadi nimeipata. Binti yangu amejifungua mapacha na siondoki Mbeya kabla ya Agosti. Hilo la kwanza.

La pili: hata ningekuwa nyumbani kwangu Rusimbi, kiti chako nisingekikalia. Ulipokuwa mwanafunzi wangu wa darasa la tano, kila nikimtafuta mtu wa kusoma mbele ya wageni ulikuwa unajificha nyuma ya ubao. Miguu ilikuwa inaonekana, Melania. Hata sasa inaonekana.

Toka huko nyuma.

Sherehe ikiisha niandikie kilichotokea. Usinitumie muhtasari wa kikao. Nataka kilichotokea.

Mwalimu wako,
Skolastika


Katubuka
9 Mei 2024

Mama Calixte mpendwa,

Amahoro. Barua yako imepokelewa kwa furaha kubwa. Sijapata kusikia wakwe wanaomshonea mgeni rasmi gauni, na nimewaambia wanakamati kwamba huo ndio ustaarabu, wajifunze.

Mgeni amethibitishwa. Ukiona mwandiko umetetemeka, ni kalamu.

Vipimo kwa inchi: mabega 17, kifua 46, kiuno 42, nyonga 50, urefu wa gauni 56. Mkono wa juu ni mnene kidogo kwa ajili ya kusonga ugali, basi Armelle aache nafasi.

Umesema nisifiche. Goti la kushoto humsumbua akipanda ngazi, hivyo gauni lisibane chini. Mbali na hilo hana makuu. Anakula kila kitu isipokuwa bamia.

Mkwe wako,
Melania


Katubuka
11 Mei 2024

Winfrida mwanangu,

Usihangaike tena, mgeni rasmi amepatikana. Ni mwanamke mzito kwa kila maana ya neno. Nimekuwa naye muda mrefu na namfahamu vizuri, ingawa bado ananishangaza. Kwa sasa jina linabaki siri ya kamati.

Wakwe zako ni watu wa ajabu, wanamshonea gauni. Mama mkwe wako anaandika barua tamu sana, ila anaandika mutoto, mukono, mugeni. Naona haya kukwambia: nilichukua kalamu nyekundu nikaziondoa zile u zote. Mkono ulikwenda wenyewe, kama ilivyokuwa masijala. Usimwambie Calixte, ataniogopa kabla hajaoa.

Rangi ya sare sasa ni dhahabu yenye zambarau, au zambarau yenye dhahabu, na wajumbe wawili hawasalimiani. Ukumbi wa kule ufukweni tumeuacha kwa sababu maji ya ziwa yameingia hadi jukwaani. Tutafanyia hapa uani. Mama Eufrasia amepima ua kwa hatua zake, mimi kwa zangu, na tumepata nyua mbili tofauti. Usiku naamka kuhesabu sahani.

Lakini nikikumbuka ni sherehe ya nani, nalikunja daftari nacheka peke yangu. Mtoto wa kaka yangu. Mwalimu. Jana dukani nilimwambia muuza chumvi, na hakuwa ameniuliza.

Shangazi yako


Kidahwe
18 Mei 2024

Mukwe wangu,

Amahoro. Vipimo vimefika. Armelle aliposoma aliuliza mara mbili kama kweli ni inchi. Nikamwambia kata kitambaa. Tumeongeza yadi mbili.

Nitakwambia ukweli, sisi tulimudhania mwembamba. Kudhania ni kosa letu, si lake. Mutu hapendwi kwa futi ya fundi. Usiku nililala nikafikiri, nikaona nimefurahi.

Juu ya goti, nyumbani tuna dawa ya kuchua, nitakuja nayo mimi mwenyewe. Mwambie mugeni asione aibu. Tutamupokea na goti lake. Na bamia hatutapika.

Bukeyeneza


Kalya
25 Mei 2024

Shangazi, shikamoo.

Mama mmoja muuza vitenge ameshuka hapa jana kutoka Kigoma, ni jirani wa Mwalimu Skolastika kule Rusimbi. Anasema Mwalimu yuko Mbeya kulea mapacha hadi Agosti.

Sasa nani mgeni rasmi?

Na jambo jingine. Sielewi kwa nini mama mkwe wangu amshonee gauni mgeni rasmi, wakati mimi sijaulizwa hata namba ya kiatu. Silalamiki. Calixte anasema mama yake hushona kwanza, maswali baadaye. Lakini ni ajabu, si ajabu?

Nitafika kwa boti ya Alhamisi, tarehe sita. Nakuomba nikishuka pale, usinipokee kwa utani. Nipe jibu.

Winfrida


Kumb. Na. KTB/KP/2024/19
Katubuka
30 Mei 2024

YAH: MGENI RASMI

Husika na kichwa cha habari hapo juu. Barua yako imepokelewa na inafanyiwa kazi.

M.
(Katibu)


Katubuka, Kigoma
16 Juni 2024

Mwalimu wangu, shikamoo.

Muhtasari wa kamati, ambao nimeuandika mimi na kuupiga muhuri mimi, unasema: "Mgeni rasmi aliwasili saa nane kamili mchana na kupokewa kwa shangwe." Kila neno hapo ni kweli, na bado ni uongo mtupu. Uliagiza kilichotokea. Hiki hapa.

Mgeni rasmi hakuwasili. Alikuwa yupo tangu asubuhi, anachambua mchele. Barua yako ilipofika nilikaa nayo siku mbili. Kamati ilikuwa inataka jina. Wakwe walikuwa wanataka vipimo. Nikachukua futi ya fundi nikajipima mwenyewe mbele ya kioo, mlango nimeufunga kwa komeo, nikawatumia vipimo vyangu. Nilijiambia ni kwa dharura tu, nitamtafuta mwanamke wa ndoa mwenye mwili kama wangu. Mwalimu, nilitafuta kweli. Nilikuwa napita sokoni nawatazama wanawake nyuma mpaka mmoja akaniuliza kama ananidai.

Winfrida alishuka Alhamisi. Sikumpa jibu, nilimpa samaki. Akala, akanitazama, akapanga miiba ukingoni mwa sahani. Anangoja jibu kama wewe.

Jumamosi saa nane wakwe wakaingia uani wakiimba, wametoka Kidahwe na gari mbili, Armelle mbele na kikapu kichwani. Mama yake, Bukeyeneza, ni mwanamke mdogo, ananifika begani, mwenye mwendo wa mtu aliyezoea kupanda mlima. Winfrida alikuwa ameketi mkekani, kajifunika mtandio wa sare kama wasichana wengine. Bukeyeneza hakuwahi kumwona ila uso kwenye simu yenye kioo kilichopasuka, na mimi hakunijua kabisa. Akampita. Akampapasa kichwa akamwambia, "Hujambo mwanangu," akaendelea kutazama huku na huku. Halafu akaniona mimi. Mwalimu, uso wake ukafunguka kama dirisha. Akaja moja kwa moja, akanishika mikono yote miwili.

"Goti linaendeleaje, mugeni wangu?"

"Linavumilia, mama," nikasema. Nikajiona mjanja: kumbe wameshaelewa kuwa mgeni rasmi ni mimi, na hawakukasirika.

Wakaniingiza chumbani mwangu mwenyewe. Bukeyeneza akapiga magoti akanichua goti kwa mafuta yenye harufu kali, huku ananisemesha taratibu kama mtoto mwenye homa. Armelle akanivika. Lile gauni, Mwalimu! Nina miaka hamsini na minne na sijawahi kuvaa nguo iliyonijua namna ile. Halikubana popote, wala halikuning'inia. Nikatoka nje na wanawake wote wakapiga vigelegele, hata Mama Eufrasia, kabla hajakumbuka kuuliza kwa nini ni mimi.

Bukeyeneza akainua mkono wangu juu. "Huyu ndiye mugeni wetu! Tulimudhania mwembamba, Mungu ametuzidishia. Calixte mwanangu ana bahati!"

Mtu akaangusha kifuniko cha sufuria.

"Calixte?" akauliza Mama Eufrasia. "Calixte anaingiaje hapo?"

"Si ndiye anayemuoa?"

Ndipo likaniangukia. Mugeni. Umugeni! Mimi Muha mzima, mama yangu alikuwa anaimba neno hilo akitwanga: kwa Kiha ni bibi harusi. Wao walikuwa wananiuliza vipimo vya bibi harusi, nami nikachukua kalamu nyekundu nikaifuta ile u, nikasoma Kiswahili cha ofisini. Mwezi mzima yule mama alikuwa anajiandaa kumpokea mkwe wa kifua arobaini na sita, mwenye goti bovu, asiyekula bamia. Na alikuwa tayari! Alikuja na dawa.

Nikamweleza. Armelle ndiye aliyeanza kucheka, kisha mkeka wote, mpaka kuku wakatoka uani. Bukeyeneza hakucheka. Alimwendea Winfrida, akamfunua mtandio, akamtazama muda mrefu.

"Nilikupita," akamwambia.

"Ulinisalimia, mama," Winfrida akasema.

"Niliambiwa arobaini na sita. Nikasema sawa, huyo ni wetu."

"Basi ndivyo ninavyojua naolewa kwa watu wazuri," Winfrida akajibu. Hapo Bukeyeneza ndipo akacheka, huku anajifuta macho.

Ingeishia hapo ningekuandikia kwa furaha na kufunga bahasha. Lakini Mama Eufrasia alisimama. Yeye ni mwenyekiti. "Sasa mgeni rasmi ni nani?" akauliza. "Katibu, uliniambia amethibitishwa."

Nilitaka kuingia ndani nikavue. Nilishaanza kugeuka, Mwalimu, nikamwona Winfrida ananitazama, na nikakumbuka uliyosema kuhusu miguu. Nikageuka tena.

Nikasema hakuna mgeni rasmi. Vipimo vilikuwa vyangu. Nilidanganya kamati, nikadanganya wakwe, nikamdanganya mtoto. Nikasema kiti kinataka mwanamke wa ndoa na mimi sikuolewa, niliishi na Anatoli miaka kumi na moja pale Rusimbi na kila mtu hapa anajua. Halafu, kwa sababu nilikuwa nimeshaanza, nikasema na la mwiko. Mwiko haukupotea. Mama yangu aliuchongesha kwa ajili ya kichenpati yangu, mwaka ule Anatoli aliponiambia kwa mara ya kwanza "mwakani". Nikauweka nyuma ya kabati nisiuone. Watu walipouulizia msibani kwa kaka, nikasema umepotea, na ukabaki umepotea miaka ishirini. Nilikuwa naufuta vumbi kila Krismasi. Hata buibui nilimtunga.

Bukeyeneza akanijia, akalivuta gauni begani kwangu, kama fundi anayekagua mshono.

"Hili limeshonwa kwa vipimo," akasema. "Halimutoshi mwingine hapa." Akamtazama Mama Eufrasia. "Au wewe unajaribu?"

Mama Eufrasia, unamfahamu, ni mwembamba kama uzi. Akajitazama. Akatazama gauni. Kisha, na hili nitamheshimu nalo mpaka kufa, akaenda akachukua kile kiti cha mbele, akakifuta kwa kanga yake mwenyewe, akaniwekea.

"Kaa, Melania," akasema. "Kiti ni changu na mimi ndiye nasema." Akainama akaninong'oneza, "Kile cheti changu, mwenzangu, ungejua." Akarudi mahali pake, na sijamuuliza.

Nikakaa. Sikuwa na hotuba. Nilimwambia Winfrida kwamba juu ya kuishi na mume sina mengi, ila haya ninayo kwa uhakika. Akichelewa kurudi, usimngoje mlangoni. Kula, weka chake, lala. Ukisikia "mwakani" mara mbili, omba tarehe. Na ukimlea mtoto asiye wako, usimwambie hivyo hata siku moja, maana hata wewe utasahau, kama nilivyosahau mimi. Winfrida akainuka mkekani akaja akapiga magoti, kichwa akakiweka kwenye kitenge cha watu, machozi yote juu ya bluu na dhahabu. Nikampa mwiko.

Akaupima mkononi. "Mzito," akasema.

"Umepumzika sana," nikamwambia.

Bukeyeneza hakuwa na nguo ya kumvika bibi harusi wake, basi akavua kitenge alichojitanda begani, kikiwa bado na joto lake, akamfunga nacho. Armelle akampima pale pale mbele ya watu. Kiuno ishirini na saba! Akapiga kelele kwamba kutoka kwenye gauni langu wangepatikana mabibi harusi wawili na foronya. Nimeolewa katika familia yenye matusi, Mwalimu, na wala si mimi niliyeolewa.

Harusi ilikuwa jana. Kanisani Winfrida alitembea polepole ili mimi na goti langu tumfikie, kwa maana alikataa kuingia na mtu mwingine. Sitasema nilivyojisikia. Nilikanyaga gauni lake mara moja na langu mara mbili. Watu wa Kidahwe walipoulizana yule mnene ni nani, nilimsikia Bukeyeneza akiwajibu kwa sauti ya juu.

Leo asubuhi nimekaa kumalizia muhtasari, nikafika penye nukta kama zile nilizoziacha kwenye kadi Aprili. Mbele ya "Mgeni rasmi" nimeandika jina langu kamili, mwandiko wa masijala. Kisha nimechukua ile kalamu nyekundu, nikarudisha u moja mahali pake.

Mwanafunzi wako,
Melania